Marehemu Mohamed Amin: Mpigapicha Aliyebisha Kila Mlango

Miaka ya vita vikuu vya pili, nyumba nyingi za Wahindi wa Kiislamu mjini Nairobi zilipata riziki yake kwenye reli. Mmoja wa watu hao wa reli alikuwa mzee Sardar Mohamed, Mpunjabi aliyekuja Afrika Mashariki kutafuta maisha. Tarehe 29 Agosti 1943, katika mtaa wa Eastleigh, alizaliwa mwanawe aliyepewa jina la Mohamed. Mtoto huyo ndiye aliyekuja kujulikana ulimwengu mzima kwa jina fupi la Mo, na picha zake zikaonekana na watu wengi kuliko za mpigapicha mwingine yeyote aliyewahi kutoka katika nchi zetu hizi.

Wengi wetu tumjuapo, twamjua kwa kazi moja tu, nayo ni zile picha za njaa ya Ethiopia za mwaka 1984. Kazi ile ni kubwa na tutaifikia. Lakini kabla ya siku ile alikuwa amekwisha beba kamera kwa zaidi ya miaka ishirini, na baadhi ya mambo aliyoyapiga picha yatugusa sisi watu wa pwani kwa karibu mno: mapinduzi ya Unguja, ibada ya Hijja, na reli iliyoanzia Mombasa. Tena katika kila kazi hizo lipo swali lililomfuata kama kivuli. Ni nani anayempa mtu ruhusa ya kumpiga picha mwenziwe, na ruhusa hiyo ikikosekana, afanyeje?

Familia yake ilihamia Dar es Salaam alipokuwa bado mdogo, na huko ndiko alikosomea. Akiwa na umri wa kama miaka kumi na moja alinunua kamera kuukuu ya aina ya Box Brownie. Wazee watazikumbuka kamera hizo: kisanduku cheusi kilichoshikwa kifuani, kina tundu la mbele na kidirisha cha juu, na mtu huinama kutazama kama anayechungulia kisimani. Wengi walizitumia kupiga picha za harusi na za Idi. Mo alizitumia kutafuta pesa. Yale mashindano ya magari ya Safari yaliyoanza mwaka 1953 yalipopita, yeye alikuwa kando ya barabara akimezwa na vumbi, na picha zake akawauzia wenye magazeti. Alikuwa bado mwanafunzi. Wazazi wa Kihindi wa zama hizo walipenda mtoto awe karani, daktari au mwenye duka, na kupiga picha za habari hakukuhesabiwa kuwa kazi ya mtu mwenye akili timamu. Yeye hakubadilika. Mwaka 1963, akiwa hajatimiza miaka ishirini na moja, alianzisha kampuni yake Dar es Salaam na kuiita Camerapix.

Ilikuwa kama aliyetandika mkeka wake njiani mwa msafara. Miezi michache baadaye, tarehe 12 Januari 1964, yalitokea mapinduzi ya Unguja. Baada ya kama wiki moja jeshi la Tanganyika likaasi Dar es Salaam kwenyewe. Mashirika makubwa ya habari ya Ulaya na Marekani hayakuwa na mtu wao hapa aliyejua njia za mji, aliyesema Kiswahili, na aliyeweza kupita mtaani bila ya kugeukiwa na kila jicho. Mo alikuwa na sifa zote hizo.

Msomaji aliye kijana huenda asifahamu kazi hiyo ilivyokuwa ngumu. Hapakuwa na setilaiti huku kwetu. Kituo cha Longonot kilifunguliwa mwaka 1970. Mpigapicha wa televisheni alitumia utepe wa filamu wa milimita 16, na gurudumu moja la futi 100 lilikwisha kabla ya dakika tatu kutimia. Kwa hivyo hukuweza kufungua kamera na kuiacha ikimbie. Ilibidi mtu ajue atakacho, akipige, asimame, abadilishe utepe gizani ndani ya mfuko mweusi, kisha akimbilie uwanja wa ndege kutafuta rubani au msafiri wa kumbebea mzigo mpaka London, ambako filamu ilisafishwa na kutazamwa kwa mara ya kwanza. Yeye mwenyewe hakuweza kujua kama alichokipiga kimetoka au kimeungua. Mara nyingi alijua baada ya siku kadha.

Habari za Unguja ya 1964 ni kidonda ambacho katika nyumba nyingi za Mombasa, Lamu na Malindi hakijapona mpaka leo, kwa sababu wengi walipoteza jamaa na wengine walikuja huku kwa majahazi wakiwa na nguo za mwilini tu. Filamu iliyovuma zaidi kuhusu siku zile ni ile ya Wataliano iitwayo Africa Addio, iliyotoka mwaka 1966, ambayo ndani yake mna picha zilizopigwa kutoka angani na watu wasioweza kutua. Mo yeye alikwenda kwa miguu. Alifika kisiwani katika siku za mwanzo za mapinduzi na akarudi tena na tena. Hakuwa akitafuta kumwadhiri mtu wala kumtetea mtu. Alitaka kuona, na alichokiona kikapata kushuhudiwa.

Lakini kisiwa kilikuwa kimefunga milango yake, na hapo ndipo alipoonja gharama ya kuingia bila ya kukaribishwa. Alipiga filamu ya mafunzo ya kijeshi yaliyosimamiwa na wageni kutoka nchi za Kikomunisti, jambo ambalo wakubwa wa Unguja hawakutaka lijulikane, na filamu ile ikaonyeshwa ng'ambo. Mwaka 1966 alikamatwa akatiwa gerezani Unguja kwa karibu wiki nne. Alitoka amekonda, afya yake imeharibika, akafukuzwa nchini na kurudishwa Kenya alikozaliwa. Kampuni aliyoijenga Dar es Salaam ikambidi aianze upya Nairobi. Mwengine angegeuza kazi. Yeye alijifunza jambo moja, kwamba mlango uliofungwa ni heri uubishe kwanza, na kama haukufunguliwa leo ubishe tena kesho. Tangu hapo alikuwa fundi mkubwa wa kutafuta vibali. Alijua jina la karani, jina la katibu wa waziri, na saa gani mzee fulani amekwisha kunywa chai na moyo wake umelainika.

Vibali havikumsaidia tarehe 5 Julai 1969. Ilikuwa Jumamosi, mchana, na Bwana Tom Mboya, Waziri wa Mipango ya Uchumi, alipigwa risasi alipokuwa akitoka katika duka la dawa Government Road, mjini Nairobi. Mo alifika muda mfupi tu baadaye. Aliipiga picha ile ya watu waliojaribu kumrudishia uhai ndani ya gari la wagonjwa, mpaka matumaini yalipokatika. Kazi hiyo ilimpatia tuzo ya mpiga filamu wa habari za televisheni nchini Uingereza. Wako waliouliza wakati ule, na swali lao ni halali, kama yafaa mtu kusimama na kamera mbele ya mtu anayekata roho. Dini yetu yatufundisha kumsitiri maiti: huoshwa nyuma ya pazia, hufunikwa, na aliyeona aibu kwake huinyamazia. Mpigapicha kazi yake ni kufunua. Hata hivyo, siku ile mji mzima ulikuwa umejaa uvumi na ghadhabu, na ushahidi wa macho ulikuwa adimu. Picha zile ndizo zilizobaki kuwa kumbukumbu ya saa ambayo Kenya iligeuka.

Miaka iliyofuata alizunguka bara zima. Alikuwa Uganda Idi Amin alipochukua serikali mwaka 1971, na akawa miongoni mwa waliomwendea karibu zaidi mtawala yule waliyeshirikiana naye jina. Mwaka 1972 Waasia wa Uganda walipopewa siku 90 wafungashe, Mwasia mwenzao alikuwapo akiwapiga picha wanavyopanga masanduku. Mtu anaweza kukisia alivyojisikia, maana mwenyewe alikuwa amewahi kufukuzwa nchi aliyokulia.

Sasa tuje kwenye Hijja, maana kwa kazi zake zote hii ndiyo tuipendayo kuitaja huku kwetu. Mo hakuwa mtu wa kwanza kupeleka kamera katika miji miwili mitukufu. Aliyetangulia ni Muislamu wa Misri, mhandisi wa jeshi aitwaye Muhammad Sadiq, aliyepiga picha za Madina mwaka 1861 na baadaye za Makka. Lakini tangu zama hizo mambo yalibakia magumu. Asiye Muislamu haingii, na Muislamu aingiapo hapewi ruhusa ya kusimamisha kamera ndani ya Msikiti Mtukufu ila kwa kibali maalumu. Licha ya serikali, kulikuwa na masheikh walioharamisha taswira za viumbe kabisa, na wengine waliotofautisha baina ya sanamu iliyochongwa au kuchorwa kwa mkono na picha ya kamera, wakasema kamera yazuia kivuli tu. Sheikh Muhammad Bakhit al-Muti'i, aliyekuwa mufti wa Misri mwanzoni mwa karne ya 20, aliandika kitabu juu ya rai hiyo ya pili. Mjadala huu wazee wetu waujua, nao ulichukua muda mrefu kupoa hata katika misikiti ya Mombasa na Lamu.

Basi Mo alibisha mlango wa Saudia kama alivyojifunza kubisha, kwa subira, mpaka wakubwa wakamkubalia. Matunda ya kazi hiyo yalikusanywa katika kitabu kikubwa cha picha kilichotoka mwaka 1978, Pilgrimage to Mecca. Mambo ambayo waliokwisha kuhiji waliyasimulia barazani kwa maneno, na ambayo wasiokuwa na uwezo waliyawazia tu, sasa yalionekana kwa macho. Mlikuwa na mahujaji wakizunguka Al-Kaaba kama maji yazungukayo mwamba, mahema ya Mina, uwanda wa Arafa na watu wamesimama juani wakiomba, na wanaume weupe kwa weusi ndani ya shuka mbili za ihramu hata hutambui nani tajiri nani hamali. Zamani Hijja ya watu wa pwani ilikuwa safari ya meli kutoka Mombasa mpaka Jedda, na aliyekwenda alilia kwaheri na watu wake kama asiyetarajia kurudi. Kufikia miaka ya 70 ndege zilikuwa zimepunguza safari ikawa ya saa chache, na mahujaji kwa mwaka walikuwa wakipita milioni moja. Mo aliidiriki Hijja katika mpito huo, kabla majengo ya zamani yaliyouzunguka Msikiti hayajabomolewa mengi yake. Leo atakaye kuiona Makka ya wakati ule hana budi kutafuta picha kama zile.

Hapa yafaa tuseme jambo. Kazi ile haingeweza kufanywa vizuri na mtu asiyejua anachokitazama. Mpigapicha mgeni angetafuta msongamano, kwa kuwa msongamano wavutia macho. Mo alijua kwamba katika siku ya Arafa jambo kubwa ni kisimamo chenyewe, na kwamba kisimamo hakina mwendo. Akakipiga kama kilivyo.

Alipotoka katika kitovu cha Uislamu aligeukia pembe ya Kenya ambayo kwa mtu wa Mombasa ilikuwa mbali kuliko Jedda. Nasema mbali kwa sababu kwenda Jedda palikuwa na ndege na jamaa wa kukupokea, hali kwenda Ziwa Turkana hapakuwa na lami, hapakuwa na petroli, na kwa sehemu kubwa hapakuwa hata na alama ya kukuonyesha umefika. Ziwa lile lina ukubwa wa kilomita za mraba zaidi ya 6,000, limelala jangwani, maji yake yana magadi, na upepo wake huanza usiku ukavuma mpaka mtu akashindwa kusikia anachoambiwa. Mzungu aliyelifikia mwaka 1888, Count Teleki, alilipa jina la mwana wa mfalme wake, Rudolf, na jina hilo likakaa mpaka mwaka 1975 lilipobadilishwa likawa Turkana.

Mo alizunguka nchi ile na kamera zake akatoa kitabu mwaka 1981, Cradle of Mankind, yaani chimbuko la binadamu, kwa vile ni katika fukwe za ziwa hilo, huko Koobi Fora, ndipo zilipofukuliwa mifupa ya kale sana ya watu. Lakini mifupa si kiini cha kitabu. Kiini ni walio hai. Wamo Waturkana wa upande wa magharibi na mbuzi zao, Warendile na Wagabbra wanaohamisha nyumba nzima juu ya migongo ya ngamia, Wasamburu, na Wadasanechi wa kule mto Omo unapoingilia ziwa. Wamo pia Waelmolo wa karibu na Loiyangalani, kabila dogo mno ambalo kwa wakati fulani watu wake hawakupita mia chache, wavuvi waliojenga vyelezo vya magogo ya mkoma na kuvua kwa mikuki na nyavu, na waliomwinda kiboko na mamba. Mvuvi wa Vanga au Faza akiitazama picha ya Muelmolo amesimama juu ya chelezo, mkuki umenyanyuliwa, atatambua namna ya kusimama ile. Ni kusimama kwa mtu anayejua kwamba samaki amemwona.

Vipi aliwapiga watu hao? Huko hakukuwa na wizara ya kuombwa kibali. Kulikuwa na wazee chini ya mti. Waliokuwa wakipita na kamera kabla yake, wengi wao walikuwa watalii na Wazungu wa sinema waliotaka mtu avue shuka asimame kando ya ng'ombe. Mo na wenzake, hasa mpigapicha Duncan Willetts waliyeshirikiana naye vitabu vingi, walikaa muda. Walirudi. Hilo laonekana katika picha zenyewe: watu wanafanya kazi zao, wanakamua, wanafunga mizigo, wanacheka na mtu aliye pembeni. Hawakupangwa mstari.

Hata hivyo, mapenzi yasitufunge macho. Vitabu vile viliandikwa kwa Kiingereza, viliuzwa kwa bei ambayo mwalimu wa shule ya msingi hakuweza kuitoa, na vingi vilikwenda kukaa juu ya meza za watu wa ng'ambo. Mwaka 1987 alitoa kingine juu ya Wamasai na kukiita kwa Kiingereza Wamasai wa Mwisho. Hao wa mwisho mpaka leo wapo, wana wabunge, wana mawakili, na ng'ombe wao wangali wakikata barabara ya Namanga. Jina lile lilitafutwa kwa ajili ya mnunuzi wa London, aonaye utamu kuambiwa kwamba ameuwahi ulimwengu unaopotea. Mo alikuwa mtoto wa Eastleigh lakini soko lake lilikuwa ng'ambo, na mara nyengine soko ndilo lililoandika jina juu ya jalada.

Kitabu chake cha 1986 juu ya reli, nadhani, ndicho kilichotoka moyoni zaidi. Reli ile ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896 na kufika ziwani, pale Kisumu ya leo, mwaka 1901. Vibarua zaidi ya 31,000 waliletwa kutoka Bara Hindi, wengi wao Wapunjabi, na karibu 2,500 kati yao walifia kazini. Mtoto wa mtu wa reli aliirudia njia ile ya chuma kwa kamera, kutoka Kilindini kwenda juu, akapiga picha madaraja na stesheni na watu ambao bado walikuwa wakiiendesha.

Tumefika mwaka 1984. Mo wakati huo alikuwa mkuu wa habari za picha Afrika wa shirika la Visnews, na kamera za video zilikuwa zimeshika mahali pa filamu. Kaskazini mwa Ethiopia mvua zilikuwa zimekatika, na serikali ya Mengistu ilikuwa vitani na waasi wa Eritrea na Tigray. Watu walikuwa wakifa kwa maelfu, lakini mwezi wa Septemba serikali ile ilikuwa ikisherehekea miaka kumi ya mapinduzi yake, na haikutaka mgeni ayaone yaliyoko milimani. Mwandishi yeyote aliyeomba kwenda kaskazini aliambiwa angoje. Hapo ndipo ufundi wa Mo wa kubisha milango ulipofaa kuliko siku zote. Alikwenda Addis Ababa, akazungumza na huyu, akamsubiri yule, mpaka mwezi wa Oktoba yeye na Michael Buerk wa BBC wakapewa ruhusa ya kwenda Korem na Mekele.

Korem wakati huo ilikuwa katika mkoa wa Wollo, nchi yenye Waislamu wengi waliochanganyika na Wakristo tangu dahari. Ni uwanda wa juu, na usiku baridi yake ni kali. Makumi ya maelfu walikuwa wamekusanyika nje ya mji wakingoja chakula ambacho hakikuwapo, wamelala chini bila ya paa. Alfajiri ndiyo ilikuwa saa mbaya, maana ndipo ilipojulikana nani hakuamka. Maiti walifungwa katika magunia na vipande vya mablanketi, wakapangwa. Mo alipita baina yao polepole na kamera begani. Mwendo wa kamera ile, walioona watakumbuka, hauna haraka. Anasogea, anasimama mbele ya uso wa mtu, anamtazama kwa muda ambao mtu mstaarabu angekuwa amekwisha geuza macho, kisha anakwenda kwa mwengine.

Swali la Government Road likarudi likiwa kubwa mara elfu. Watu wale hawakuombwa idhini, na kama wangeombwa hawakuwa na nguvu ya kujibu. Sitara yao ilivuliwa mbele ya ulimwengu. Upande wa pili wa mizani ni huu: kwa miezi mingi mashirika ya misaada yalikuwa yameandika ripoti zenye hesabu sahihi, na ripoti zile zililala mezani. Tarehe 23 Oktoba 1984 BBC ilipoonyesha picha zile, vituo 425 ulimwenguni vikazichukua, na inakadiriwa watu milioni 470 walizitazama. Ndege za chakula zikaanza kupaa. Mwimbaji Bob Geldof akakusanya wenzake kutoa sahani, Wamarekani wakafuata kwa yao, na tarehe 13 Julai 1985 pakafanywa tamasha moja katika miji miwili, London na Philadelphia, lililokusanya zaidi ya dola milioni 100. Katika msikiti mtu huulizwa kama ana ushahidi, na anayeficha ushahidi huwa na dhambi. Mimi naona Mo alikuwa upande wa shahidi, na sioni kama alikosea. Lakini namwelewa yule Muethiopia ambaye hadi leo akisafiri huulizwa habari za njaa kabla ya kuulizwa jina lake.

Na lipo jambo ambalo picha haikuweza kulisema. Kamera ilionyesha ukame na miili, na haikuonyesha waraka wa serikali uliozuia malori, wala mabomu yaliyoteketeza masoko ya Tigray, wala watu waliohamishwa kwa nguvu kwenda kusini. Watazamaji wengi walidhani ni kazi ya mvua peke yake. Mamia ya maelfu walikufa katika msiba ule, na sehemu kubwa ya sababu ilikuwa mikono ya watu.

Heshima zikammiminikia Mo. Malkia wa Uingereza alimpa nishani ya MBE, marais wakamjua kwa jina. Yeye akarudi kazini.

Ethiopia haikuwa imemalizana naye. Mwishoni mwa Mei 1991 waasi waliingia Addis Ababa na Mengistu alikuwa amekwisha kimbia. Tarehe 4 Juni, kabla ya mapambazuko, ghala la silaha lilianza kulipuka pembezoni mwa mji. Mo, Buerk, na fundi wa sauti John Mathai, Mkenya aliyefanya naye kazi kwa miaka mingi, walikwenda kuupiga picha moto. Mlipuko wa pili ulikuwa mkubwa kuliko wa kwanza. Mathai alikufa papo hapo. Mkono wa kushoto wa Mo uliharibika hata ukakatwa.

Mkono wa kushoto kwa mpiga filamu ndio mkono wa lenzi. Kamera hukaa bega la kulia, mkono wa kulia huishika na kuibonyeza, na wa kushoto ndio uzungushao lenzi ili picha iwe kali au ivute karibu. Mtu aliyepoteza huo amepoteza nusu ya macho yake. Mo alikwenda Marekani akatiwa mkono wa bandia wenye mitambo, akajifunza upya, na baada ya miezi akawa anabeba kamera tena. Watu walimsifu kwa ushujaa huo, na kweli ni ushujaa. Jina la John Mathai halikutajwa sana, nasi twalitaja hapa. Nyumbani kwa Mo nako palikuwa na gharama yake. Mwanawe wa pekee, Salim, alikua huku baba akiwa safarini wiki baada ya wiki, na alipokuwa mtu mzima alitengeneza filamu juu ya baba yake, Mo & Me, iliyotoka mwaka 2006, ambayo ndani yake upendo na kukosekana vimekaa pamoja.

Tarehe 23 Novemba 1996 Mo alipanda ndege ya Ethiopian Airlines Addis Ababa akirudi Nairobi, pamoja na mwandishi Brian Tetley, mwenzake wa vitabu vingi. Ndege ilikuwa na watu 175. Vijana watatu waliiteka angani wakamwamuru rubani, Kapteni Leul Abate, awapeleke Australia. Rubani aliwaeleza kwamba mafuta hayatoshi, wasimwamini. Akaifuata pwani ya Afrika kuelekea kusini, kisha ikambidi akate bahari mpaka Visiwa vya Ngazija. Walionusurika wamesimulia kwamba Mo alisimama katika ndege ile akazungumza na watekaji na kuwahimiza abiria wenziwe wasikae wakingoja. Alibisha mpaka mlango wa mwisho.

Mafuta yalikwisha, injini zikazima, na ndege ikaangukia majini karibu na ufuo wa Mitsamiouli, kaskazini mwa Ngazija Kubwa, mbele ya hoteli ya watalii. Wavuvi na watu wa hoteli walikimbilia na mashua na kuokoa waliowezekana. Watu 125 walikufa, na Mo Amin na Brian Tetley walikuwa miongoni mwao. Mo alikuwa na umri wa miaka 53. Mwili wake ulirudishwa Nairobi.

Kuanguka kwa ndege ile kulipigwa filamu. Mtalii mmoja aliyekuwa ufuoni alikuwa na kamera ndogo ya nyumbani, akaielekeza baharini bawa lilipogusa maji. Picha zake zilionyeshwa duniani kote jioni ile na siku zilizofuata. Zile za Mo mwenyewe, filamu na picha za miaka zaidi ya thelathini, zilibaki Nairobi katika ofisi za Camerapix chini ya uangalizi wa mwanawe.